Mawe ya Orowe

Viatu ndivyo vilivyonitisha kwanza. Nilifika Ringwani saa tisa alasiri, siku ya pili baada ya mazishi, nimekaa nyuma ya bodaboda tangu Mugumu mpaka kiuno kimekufa ganzi, na kabla sijamsalimia mtu pale matangani nikaviona: pea tano za makubazi na raba, zimepangwa nje ya mlango wa nyumba kubwa, ncha zote zimeelekea njiani, kama vile wenyewe wanasubiri kuambiwa watoke. Pembeni yake kikombe cha bati chenye maji nusu. Waombolezaji wengine walikuwa wamevua viatu vyao hovyo, kimoja huku, kingine kule, kama watu wanavyovua popote. Hizo pea tano zilikuwa za watu wa nyumba ile, ya marehemu ikiwemo. Hakuna aliyehitaji kunieleza maana yake, kwa sababu maana yake niliitunga mimi, nikiwa na miaka kumi na tisa, nimekalia gunia kwenye machimbo ya dhahabu ya Matongo, naponda mawe. Nilisimama na mkoba wangu mkononi nikashindwa kuingia. Mama mmoja aliyekuwa anamenya viazi akaniuliza, "Mama, umepotea?" Nikamjibu hapana, nimefika.

Aliyenipigia simu ni Marwa. Tangu tuachane Matongo tumeonana labda mara tatu, lakini namba yangu anayo, na kila nikibadilisha namba huitafuta mpaka aipate. Alisema, "Robhi, Chacha amefariki. Amezikwa jana Ringwani. Mimi mguu hauniruhusu, nenda wewe." Halafu nikasikia mbuzi nyuma yake, kisha akasema kwa sauti ya chini, "Wanasema hakuitwa." Usiku ule sikulala. Ilinibidi niurudie mwaka mmoja wa ujana wangu, mwaka ambao kwa miaka thelathini nimekuwa nikiuzunguka kama mtu anavyozunguka shimo asilojua kina chake.

Nilikotoka kabla ya Matongo sitakuelezea, si jambo la maana. Inatosha kusema shule niliiacha darasa la sita na nyumbani niliondoka asubuhi kweupe, watu wamekaa uani, wameniona nikitoka na kifurushi. Nilitembea polepole mpaka kwenye kona, nikisikiliza. Nitarudi kwenye kona hiyo baadaye.

Matongo nilipangiwa nusu ya kitanda. Chumba kilikuwa cha udongo, bati limetobolewa na misumari ya zamani kiasi kwamba mchana mwanga ulishuka kwa nyuzi nyembamba na tukawa tunatambua saa kwa kuangalia uzi upi umefika kwenye jiko. Tulilala wanawake sita, na kila mmoja alikuwa na msumari wake ukutani wa kutundika kila alichokuwa nacho duniani. Kazi yetu ilikuwa kuponda mawe yanayotoka kwenye maduara, maana shimo la dhahabu pale huitwa duara. Wanaume wanashuka, wanachonga, mawe yanapanda kwa ndoo na kamba, sisi tunayapasua kwa nyundo, tunayatwanga kwenye vinu vya chuma mpaka yawe unga, unga unaoshwa, na mchanga unaobaki unamwagwa nyuma yetu. Marudio, ndivyo tulivyouita mchanga huo. Kwa miaka ulikuwa umegeuka vilima vyeupe visivyoota hata nyasi moja. Saa sita jua likiwa katikati, ukikaa chini ukaangalia usawa wa macho, huoni mto wala migomba ya kijiji cha Kemambo ng'ambo. Unaona mchanga tu, na juu yake hewa inacheza.

Chakula tulikula kwa Mama Ghati, mwanamke mnene mwenye kibanda cha mabua, aliyekuwa anapika ugali wa muhogo na mtama mweusi kama udongo wa bondeni, dagaa, na siku za neema maziwa ya mgando. Maandazi yake aliyafunga kwenye karatasi alizonunua kwa kilo, na mimi, ambaye sikuwa na kitabu, nilikuwa nasoma kila karatasi kabla haijawashiwa moto. Bei za mbolea, nusu ya barua ya mapenzi, maswali ya hesabu bila majibu. Siku moja andazi langu lilikuja limefungwa na picha. Watu wamejifunika vitambaa kichwa mpaka miguu, wanatembea kwa mstari juu ya mchanga usio na mwisho. Hapakuwa na maandishi. Mafuta ya andazi yalikuwa yamefuta uso wa aliyetangulia, pale penye kichwa pakabaki doa linalopitisha mwanga.

"Hawa ni kina nani?" akauliza mmoja wa wenzangu, tukiwa tumerudi kwenye nyundo.

Nilikuwa na tabia, ninayo mpaka leo, ya kuona aibu kusema sijui. Nikasema, "Wapitao."

"Wanapita kwenda wapi?"

"Wanamfuata Mungu wao. Alipita akiwa ametangulia, hakugeuka. Nchi yao inaitwa Orowe."

Basi ndivyo ilivyozaliwa. Hakuna nchi kama hiyo. Jina lilitoka mdomoni kwangu bila kupitia kichwani. Lakini siku ya kuponda mawe ni ndefu, na wenzangu walitaka zaidi, na mimi nilikuwa na zaidi. Nikawaambia Orowe jua halizami, linazunguka tu pembeni kama ng'ombe anayezunguka zizi. Milima inahama, ndiyo maana hakuna anayetumia mlima kama alama. Wapitao hawalali mahali pamoja mara mbili. Wakilala wanageuza viatu vielekee njia, ili miguu isisahau. Wakinywa maji wanabakiza nusu kwa ajili ya aliye nyuma. Na Mungu wao hawamwombi kitu, kwa sababu hawezi kusikia sauti inayotoka mgongoni. Wanachofanya ni kutembea tu, wakitumaini siku moja kuukanyaga unyayo wake kabla mchanga haujaufunika.

"Na mtu akichoka akabaki?" Aliyeuliza alikuwa Mama Ghati, aliyekuja kudai masufuria yake.

Nikapiga jiwe, likapasuka. Nikasema, "Akibaki haitwi. Ni mwiko. Ukimwita jina lake aliyebaki nyuma, jina linamfunga pale pale aliposimama, anageuka jiwe. Mawe yote ya Orowe ni watu walioitwa."

Wanawake wakacheka mpaka mmoja akaangusha nyundo. "Mungu wangu! Kwa hiyo huyu ninayemtwanga ni shemeji yangu!" "Wako ni mkwe, angalia alivyo mgumu!" Tangu siku ile, jiwe lililokataa kupasuka lilipewa jina la mwanaume fulani wa pale machimboni, na likipasuka tulimwimbia. Ulikuwa mchezo. Naapa mwanzoni ulikuwa mchezo.

Kamba ya duara letu ilivutwa na Chacha. Alikuwa kijana mrefu asiye na maneno, mwenye mikono kama imechongwa, na alipokuwa anazungusha gogo linaloviringisha kamba alikuwa anatusikiliza, mgongo umetugeukia. Pale Matongo mvuta kamba ana kazi mbili, na ya pili ni kubwa kuliko ya kwanza. Ya kwanza ni kupandisha ndoo. Ya pili ni kuita. Kila mara kamba inapotulia anainama kwenye mdomo wa duara na kumwita aliye chini kwa jina lake: "Marwa ee!" Na chini huko, kama sauti iliyomezwa, "Nipo!" Ukisikia nipo, hewa ipo, kuta zimesimama, mtu yuko sawa. Usiposikia, kijiji kizima kinakimbia na majembe. Mvuta kamba anayesahau kuita hafukuzwi kwa maneno, anafukuzwa kwa fimbo. Kutwa nzima machimbo yale yalikuwa ni majina ya watu yanashuka ardhini, na nipo nipo zinapanda. Mpaka leo nikisikia mtu anaitwa kwa mbali, nasimama nikisubiri jibu.

Jioni moja Chacha alinikuta kisimani. Akaweka ndoo chini, akaiweka sawa, akaiweka sawa tena.

"Dada Robhi, nikuulize jambo la Orowe."

"Uliza, mura," nikamwambia, kama tunavyomwita kijana kwetu.

"Mwaka juzi duara lilimfunika kaka yangu. Mimi ndiye niliyekuwa kwenye kamba. Nilimwita mpaka sauti ikakatika. Nilimwita kutwa." Hakuniangalia, aliangalia maji. "Sasa, ni mimi niliyemfunga kule chini? Amekuwa jiwe?"

Ungekuwa wewe ungesema nini? Jibu lilikuwa moja na fupi: Chacha, ni hadithi, niliitoa kwenye karatasi ya andazi. Maneno hayo nilikuwa nayo mdomoni. Lakini nilimwona amesimama vile, mtu mzima, mikono inaning'inia, anasubiri mimi niseme, na hofu ikanishika: nikisema nilimdanganya, huyu ataniangukia. Na chini ya hofu hiyo palikuwa na kitu kibaya zaidi, ambacho imenichukua miaka kukikiri. Hakuna mtu aliyewahi kunisubiri niseme kitu. Nikajibu. Nilisema, "Kama ulikuwa hujui mwiko, hukumfunga. Aliyeita bila kujua anasamehewa. Kaka yako ametangulia." Akashusha pumzi ndefu kama mtu aliyetua gunia. Kisha akasema, "Kwa hiyo sasa ninajua," akachukua ndoo yake akaondoka. Nilidhani ananishukuru.

Wiki zilizofuata nikaanza kuogopa kidogo kidogo. Nilipita mbele ya chumba cha wanaume nikaona pea tatu za viatu zimegeuzwa. Nilimwona mtu nisiyemjua anakunywa maji, anaangalia kikombe, anarudisha nusu. Nikiwa nyuma ya kibanda cha Mama Ghati naosha sahani, ukuta wa mabua katikati yetu, nikasikia wanaume wawili wanaongea.

"Yule binti amepewa. Hawezi kuyajua yote yale mwenyewe."

"Amepewa na nani? Darasa la sita hakumaliza."

"Ndiyo maana yake, mura. Aliyesoma angekuwa anayatoa kwenye kitabu."

Sahani iliniponyoka. Ndani wakanyamaza. Nilikaa pale nimechuchumaa, maji ya sabuni yananipanda mpaka viwiko, nikisubiri waondoke. Nilitaka kucheka nikashindwa. Sikuwahi kuona kitu changu kikitembea kwa miguu yake, na sasa nilikiona, na hakikuwa kinanifuata mimi. Nikaacha kusimulia. Nikisema kichwa kinauma, wanawake walisema, "Leo amekatazwa kusema," na kupunguza sauti.

Halafu mvua zikaja. Siku tatu mfululizo zilinyesha, ya nne jua likawaka, na watu wakashuka maduarani kwa sababu njaa haijui udongo uliolowa. Saa saba mchana nilikuwa napeleka ugali wa Marwa na Chacha, sahani mbili nimezifunika kwa kitenge. Marwa alikuwa mchekeshaji wetu, mtu wa kuimba chini ya ardhi, na kabla sijafika niligundua kwamba kuna kitu hakipo. Hakuna wimbo. Nikakaza mwendo. Chacha alikuwa amekaa kando ya mdomo wa duara, mikono juu ya magoti, na wale wawili wengine wenye viatu vya kugeuzwa wamekaa pembeni yake, kimya, kama watu wako kanisani. Kamba ilikuwa imelegea. Upande mmoja wa mdomo ulikuwa umemong'onyoka, udongo mwekundu mbichi. Na pale ukingoni palikuwa na kikombe, maji nusu.

"Chacha, Marwa yuko wapi?"

Akaonyesha chini kwa kidevu.

"Umemwita?"

Akanitazama kwa mara ya kwanza usoni, na macho yake yalikuwa yametulia. Utulivu ule ndio ninaouota. "Amebaki nyuma," akasema. "Safari hii sikumwita."

Sahani zilidondoka. Nilipiga kelele kwamba ni uongo, ni mimi, nilitunga, hakuna Orowe, ni karatasi, ni karatasi ya andazi! Mmoja wa wale wawili akasimama akanishika mkono, si kwa nguvu, kwa huruma, na ndivyo ilivyokuwa mbaya. "Dada, usikufuru," akaniambia. "Wewe ulipewa ili utupe. Ukiogopa, tutakuvusha sisi." Nikamng'ata. Nikajitupa kifudifudi kwenye ule ukingo uliolowa, kichwa changu ndani ya shimo, harufu ya udongo na moshi wa taa, na nikaita. "Marwa ee!" Sauti yangu ikashuka ikafa. Nikaita tena. Udongo uliteleza chini ya kifua changu. Nyuma yangu Chacha alikuwa anasema polepole, "Unamfunga, dada, unamfunga," na nikiri jambo moja: mara ya tano, au ya sita, nilimwamini. Nililala pale nikaona mtu wa jiwe kule chini, mdomo wazi, na kila mara ninapoita jiwe linapanda mwilini mwake, magoti, kiuno, shingo. Mimi niliyetunga. Nilinyamaza. Sijui kwa muda gani. Pengine kwa muda wa pumzi kumi. Kisha nikaita tena kwa sababu kimya kilikuwa kinatisha zaidi. Mara ya kumi na moja kitu kikagonga chini, chuma kwenye jiwe. Hakikuwa neno. Kiligonga tena.

Nikakimbia nikiwa napiga yowe na kijiji kikaja na majembe. Walichimba mpaka jua likakaribia kuzama, wakamtoa Marwa akiwa mweupe wa vumbi kama kweli ni mtu wa Orowe, mguu umevunjika pawili. Aliponiona akasema kwa sauti ya kukwaruza, "Mbona mlichelewa kuniita, jamani? Nilikuwa nimeanza kuzoea." Watu wakacheka wakilia. Chacha hakuwepo. Hakuna aliyemwona akiondoka.

Usiku ule, kwa Mama Ghati, nilisikia tena kupitia mabua. Kundi moja linasema yule binti ni mchawi, alikuwa anawafunga watu midomo ili wafe, achomwe. Kundi lingine linasema hapana, ameita maiti ikaitika, tumjengee mahali. Sikujua ni lipi la kuogopa zaidi. Mama Ghati akaingia jikoni, akafunga maandazi sita kwenye kitambaa, si kwenye karatasi, akaniwekea mapajani. "Ondoka, mwanangu," akasema. "Wakikuchoma watakosea, na wakikuabudu watakosea zaidi." Alfajiri nilikuwa napita Kemambo kwa miguu. Na hapo njiani ndipo nilipoikumbuka ile kona niliyosema nitairudia. Niliposikiliza siku ile ya kuondoka nyumbani, nilikuwa nasikiliza kama mtu ataniita. Watu wote waliniona na hakuna aliyefungua mdomo. Ndiyo maana nilitunga nchi ambayo kutokuitwa ni heshima. Na kwa ajili hiyo mtu mmoja alikaa kando ya shimo akamsubiri rafiki yake afe.

Tangu hapo sijakaa. Nimeuza vitumbua Sirari, nimepikia wajenzi wa barabara, nimefuga kuku nikawaacha, nimeolewa nikaondoka. Rafiki zangu wananitania kwamba nina magurudumu. Hakuna anayejua kwamba mahali popote ninapolala, bila kufikiri, viatu vyangu vinaelekea mlangoni.

Mjane wa Chacha anaitwa Nyangi. Ni mwanamke mwembamba, mdogo kwangu kwa miaka kama kumi. Alinikuta bado nimesimama nje ya mlango, na nilipomtajia jina langu alinikaribisha kama mtu aliyenijua siku zote. Aliniandalia mahali pa kulala kwenye chumba cha binti yake, akaniletea maji ya kuoga, akakaa ukingoni mwa kitanda. Alisema Chacha alifika Ringwani akitokea upande wa hifadhi ya wanyama, amechakaa, akaomba maji, akanywa nusu akamrudishia kikombe. "Nikamuuliza, mbona hukumaliza? Akasema, yupo anayekuja. Nikapenda." Akatabasamu kidogo. Kila mwaka baada ya kuvuna mtama alitembea siku saba peke yake kwenye mbuga kavu, akarudi. Ng'ombe alifuga, watoto alisomesha, kanisani aliwasindikiza mpaka mlangoni. Na katika nyumba yake hakuna aliyemwita aliye nyuma.

"Siku ile tulikuwa tunatoka shamba," Nyangi akasema. Sauti yake haikubadilika. "Mimi mbele, yeye nyuma. Nikasikia jembe limeanguka. Nikasikia hatua zake hazipo. Nikaendelea. Nilifika nikamwekea maji mlangoni nikasubiri. Jua limeshuka ndipo jirani akaja kusema. Alisema alipomgusa alikuwa bado ana joto."

Alisubiri niseme kitu. Alikuwa ananisubiri kama mumewe alivyonisubiri kisimani, na mimi ni yule yule. Ninajua kujibu. Ningeweza kumwambia: hukumfunga, ametangulia. Angeshusha pumzi akalala. Au ningeweza kumwambia kweli, na kweli ingekuwa hivi: mumeo alikuwa anahema kwenye mtama, na ulimwacha kwa sababu ya karatasi ya andazi. Sikuchagua lolote. Nilisema, "Pole, mama," nikageuza uso ukutani kama mgonjwa.

Asubuhi nilitazama kutoka dirishani watoto wake watatu wakitoa ng'ombe. Wa mwisho ana miaka labda kumi na miwili. Walikwenda upande wa mashariki, kule ambako juzi tembo walikuwa wamekanyaga shamba la jirani mpaka mizizi, mmoja mbele, mmoja katikati, mdogo nyuma kabisa akiwa amebaki kuokota kitu. Hakuna aliyegeuka. Hakuna aliyemwambia njoo. Mdogo alipoinuka alikuwa peke yake na mbuga nzima. Nilihesabu pumzi zangu mpaka akawafikia. Nikajua ni lazima niseme. Nikajua pia kwamba sitasema. Saa kumi jioni nilifunga mkoba, nikaaga kwa sauti ya chini, nikasema bodaboda ananisubiri barabarani, ambayo haikuwa kweli, na nikaanza kutembea.

Njia ile inapita katikati ya mashamba, imenyooka. Nilitembea kama ninavyojua kutembea, bila kuangalia nyuma, na kama kila mara masikio yangu yalikuwa yamebaki nyuma. Nilikuwa nimefika karibu na mtaro niliposikia.

"Robhi!"

Nilisimama. Miguu ilikuwa mizito, na kusema kweli nilishika paja langu kuangalia kama bado ni nyama. Nyangi alikuwa anakuja, si kwa kukimbia, peku, khanga imemlegea. Sauti ilikuwa imemtoka vibaya, kama mlango usiofunguliwa miaka. Alinifikia akasimama mbele yangu, akihema.

"Chacha alinieleza habari za Marwa," akasema. "Alinieleza zamani. Alisema yule dada aliyetufundisha ndiye aliyemwita. Mara zote alikuwa anaishia hapo." Akapangusa uso kwa ncha ya khanga. "Nieleze wewe. Uliita mara ngapi mpaka akaitika?"

Ningeweza kusema moja. Ningeweza kusema sikumbuki.

"Kumi na moja," nikasema. "Na Orowe niliitunga mimi, Nyangi. Yote. Nilikuwa mtoto, nilikuwa naogopa."

Aliitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayepokea mzigo anaoujua uzito wake. Alisema, "Mimi hata mara moja."

Sikumgusa, sikuona kama nina haki. Halafu aliangalia upande wa mashariki, ambako vumbi la ng'ombe lilikuwa linakuja, bado mbali sana, na nyuma ya vumbi, mbali na wengine, nukta moja ndogo. Nyangi akajifunga khanga yake vizuri kiunoni. Akaweka viganja viwili mdomoni.

"Mwita ee!" aliita. "Bhoke ee! Nchagwa! Nchagwa ee!"

Kule mbali watoto wote watatu walisimama palepale. Walisimama kama mawe, na Nyangi akanishika mkono mpaka kucha zikaingia, na kwa muda huo ambao sitausahau, sisi wanawake wawili wazima, tunaojua kweli, tuliogopa tumewafanya nini.

Kisha ile nukta ndogo ikainua mkono juu, na sauti ikaja juu ya mtama, nyembamba, haina uhakika, kama mtu anayejaribu neno kwa mara ya kwanza.

"Nipo!"